Jinsi Sura ya Pichani Inavyogeuzwa Mhusika

Darasani tumesoma juu ya mhusika bapa na mhusika duara. Leo nataka niwaeleze vile picha, ambayo ni bapa kabisa, inavyogeuzwa mhusika duara wa kuonekana ndani ya miwani ya uhalisia pepe.

Kwanza, picha. Inafaa kuwa na ya mbele na ya pembeni, kwani ya mbele pekee haisemi pua imechomoza kiasi gani. Mwanga uwe sawa pande zote. Kivuli kikiwepo, kitabaki ngozini kama doa.

Pili, umbo. Tarakilishi haianzi na kitu tupu. Mwaka wa 1999, Volker Blanz na Thomas Vetter, wakiwa Tübingen, Ujerumani, walionyesha kwamba ukipima nyuso za watu 200 unapata sura ya wastani, kisha unaivuta huku na huku hadi ifanane na picha uliyo nayo. Sura hiyo ni wavu wa pembetatu ndogo ndogo, na rangi za picha hubandikwa juu yake.

Tatu, kupunguza uzito. Miwani huchora picha mbili, moja kwa kila jicho, mara 72 au zaidi kwa sekunde. Wavu ukiwa mzito, picha hukwamakwama na mvaaji hushikwa na kizunguzungu. Basi pembetatu hupunguzwa kwenye paji na mashavu, lakini huachwa nyingi machoni na mdomoni.

Nne, uhai. Kichwa huunganishwa na kiwiliwili chenye mifupa, halafu hutengenezwa maumbo ya mdomo ya kutamka a, e, i, o, u, na ya kufumba macho. Bila hayo, jamani, hiyo ni sanamu tu!

Sasa nina swali. Huo wastani ni wa akina nani? Modeli mashuhuri ya Basel, Uswisi, iliyotolewa mwaka wa 2009, nayo ilitokana na watu 200, wengi wao Wazungu. Mwafrika akiingiza picha yake, pua na midomo yake huweza kuvutwa kuelekea wastani usio wake. Kwa hivyo mimi nasema, usikubali tu kila kinachotolewa na mashine. Linganisha na picha, kisha urekebishe kwa mkono. Tena, picha ya mwenzako usiiguse bila idhini yake, maana uso una mwenyewe.

Wahenga walinena, mwacha asili ni mtumwa. Nasi tusiiache yetu, hata kwenye tarakilishi.