Nguruwe wa tamu-chachu: ganda lisilowe

Swali: Nyama ya nguruwe ya tamu-chachu nikiipika nyumbani huvurugika, na ganda lake hulowa. Tatizo ni nini?
– Mama, Lanet, Nakuru

Jibu: Namshuku nanasi, mama. Nanasi ambalo halijapikwa lina bromelaini, kimeng'enya kinachovunja protini. Ukiilaza nyama usiku kucha ndani ya maji yake, mnofu hulegea ovyo. Kolezea chumvi, soya sosi na tangawizi tu, nusu saa yatosha. Nanasi lingoje mchuzi. Likichemka, makali hayo huisha.

Mwambie mwenye bucha akupe bega lenye mafuta kidogo. Kata vipande vya ukubwa wa kidole gumba, chovya kwenye yai, kisha vingirisha kwenye konflawa kavu. Kaanga mara mbili. Kwanza moto wa wastani hadi ndani paive kabisa, maana tegu wa nguruwe si mzaha. Ipua, ipumzike. Halafu mafuta yawe makali, dakika moja hivi, mpaka ikwaruze ukiigonga kwa mwiko.

Kwa nusu kilo, chemsha vijiko vitatu vitatu vya siki, sukari na tomato sosi, pamoja na nusu kikombe cha maji na konflawa kijiko cha chai. Tia nanasi, karoti na hoho zibaki ngumungumu. Nyama iingie mwisho kabisa, mezani watu wakiwa wamenawa.

Wali uongezee dakika chache: Nakuru iko juu, maji huchemka karibu nyuzi 94.