Jani la Soya Linatuambia Nini?

Soya ikigeuka manjano wengi wetu hukimbilia dukani kununua gunia la mbolea. Ngojeni kwanza! Hizo ni pesa za kikundi. Soya ikikosa naitrojeni, jani lote hupauka, tena yale ya chini ndiyo huanza. Ikikosa potasiamu, kingo ndizo hugeuka manjano, katikati kukabaki kijani. Lakini maji yakituama, au wadudu wakila mizizi, utaona manjano vilevile. Macho hudanganya.

Kupima udongo huonyesha kilichomo ardhini. Kupima jani huonyesha mmea umekula nini hasa, na hayo ni mambo mawili.

Chumeni soya inapoanza kutoa maua, siyo baada ya maganda kujaa. Anzia kileleni ukishuka, ruka majani machanga, chukua lile la kwanza lililokwisha kukunjuka na kukomaa. Mara nyingi ni la tatu au la nne. Chuma vijani vyake vyote vitatu, kikonyo ukiache. Mimea 30, jani moja kila mmea. Yaliyoliwa na wadudu tuyaache.

Hapa ndipo watu hukosea: huchanganya majani ya pazuri na ya pabaya. Jamani, mtalinganisha na nini? Tumieni bahasha mbili, siku moja, na udongo wa kila mahali pia. Bahasha iwe ya karatasi. Nailoni huyatoa majani jasho yakaoza (na mifuko yenyewe ilipigwa marufuku Kenya tangu Agosti 2017). Vumbi lipangusweni tu, msiloweke majani, maana maji huondoa potasiamu. Yaanikeni kivulini.

Muulizeni afisa wa kilimo pa kuyapeleka na bei yake. Wa Kisauni wako karibu na kituo cha KALRO cha Mtwapa; maabara ya KALRO yenyewe iko Kabete, Nairobi.

Majibu yakija, jani zuri la wakati huo huwa na naitrojeni kama asilimia 4 hadi 5.5, fosforasi 0.3 hadi 0.5, potasiamu 1.7 hadi 2.5. Naitrojeni ikiwa chini, msinunue mbolea bado. Chimbueni mmea mmoja taratibu, mpasue vile vinundu vya mizizini. Vikiwa vyekundu ndani, vinafanya kazi. Vikiwa vyeupe, au havipo kabisa, basi msimu ujao mbegu ipakwe bakteria wa soya, kama Biofix, kivulini, na ipandwe siku hiyohiyo.