Kushuka Kigoma kwa siku moja: anzeni na ziwa

Kutoka Kasulu hadi Ziwa Tanganyika ni karibu kilomita 100, na bado utamkuta mtu mzima mwenye wajukuu ambaye ziwa hilo amelionea kwenye kalenda tu. Dagaa wa Kigoma yumo chunguni mwake kila wiki, lakini alikovuliwa hakujui. Ndiyo maana vikundi vya huku juu, kwaya, VICOBA na shule zinazofanya ziara ya masomo, kila mwaka vinachanga, vinakodi Coaster na kushuka Kigoma asubuhi, kurudi usiku. Safari hiyo inawezekana kabisa. Kinachoiharibu ni mpangilio.

Nasema kwa kuumwa. Mara ya kwanza nilipopewa kazi ya kupanga safari ya kikundi chetu, niliipanga kama karamu, kitamu kije mwisho. Asubuhi Ujiji, mchana chakula, saa 9 alasiri boti, ili watu wamalizie siku juu ya maji. Kufika hiyo saa 9 upepo ulikwisha kuamka, na watu waliokuwa wameshiba ugali wa muhogo na mgebuka wakapandishwa kwenye boti inayoinuka na kushuka kama kitanda cha mtoto. Mama mmoja alifunga kanga usoni tangu tulipong'oa nanga hadi tuliporudi. Ziwa hakuliona. Alilipia kulisikia.

Basi kanuni ya kwanza, na nyingine zote zinaifuata hiyo: boti asubuhi. Asubuhi ziwa kwa kawaida huwa shwari, na kadiri jua linavyopanda ndivyo upepo unavyochachamaa, hasa miezi ya kiangazi ya kusi. Ujiji na stesheni ya reli vitakusubirini mpaka jioni. Maji hayasubiri.

Kwa hiyo Kasulu muondoke saa 10 na nusu alfajiri, siyo "saa 11 hivi". Barabara ya lami hadi Kidahwe na kuingia mjini inakwenda vizuri, na kwa mwendo wa dereva mwenye akili mtakuwa ufukweni mapema, jua likiwa changa. Watu wa Kibondo hesabu yenu ni nyingine. Kutoka kwenu hadi Kasulu peke yake ni zaidi ya kilomita 130. Anayewaambia mtatoka Kibondo, mtatembea Kigoma na kurudi siku hiyohiyo anawauzia usingizi wa kwenye kiti. Teremkeni jioni ya kuamkia safari, mlale Kasulu, muungane na wenzenu alfajiri.

Kabla ya kupanga tarehe, tazameni mwezi, na hapo simaanishi kalenda. Dagaa wa Kigoma huvuliwa usiku kwa taa, na taa inamvuta dagaa pale tu mbingu ikiwa na giza. Mwezi ukiwa mpevu wavuvi hupumzika siku kadhaa, mitumbwi inavutwa ufukweni, vichanja vinabaki vitupu. Mkitaka kuwaonyesha watoto uvuvi ulivyo, msiende mbalamwezi. Ulizeni pia kama ziwa limefunguliwa. Mwaka 2024 uvuvi ulisimamishwa kuanzia tarehe 15 Mei hadi 15 Agosti ili samaki wazaliane, na kikundi kinachokwenda ufukweni ziwa likiwa limefungwa kitaona mchanga na nyavu zilizokunjwa.

Gari. Coaster nyingi zina leseni ya njia yake ya kila siku. Zikikodishwa kwenda kwingine zinahitaji kibali cha LATRA, na kibali hicho ni kazi ya mwenye gari, lakini kukiuliza ni kazi yenu. Ombeni mkione kwa macho, pamoja na bima. Kisha mpatane jambo linalogombanisha watu kuliko yote: bei ni pamoja na mafuta au mafuta juu yenu? Dereva atakula wapi, kwa fedha ya nani? Andikeni, hata kwenye karatasi ya daftari, na msilipe yote mbele. Nusu wakati wa kuondoka na nusu mkirudi inatosha kumfanya mtu akumbuke njia ya nyumbani.

Kila mtu abebe kitambulisho. Mkoa wetu uko mpakani, una kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, na maofisa wa uhamiaji husimamisha magari njiani. Mtu mmoja aliyesahau kitambulisho chake juu ya kabati anaweza kuwakalisha wenzake ishirini na tano kando ya barabara, boti nayo inawasubiri na jua linapanda. Mimi huwa natangaza hivi kwenye kundi la WhatsApp: asiye na kitambulisho asije stendi. Inaonekana ukali. Kisha tunapita.

Boti mtaipata Kibirizi, ufukwe wa kaskazini mwa mji ambako maboti ya vijiji vya ziwani yanapakia na kushusha. Ni vizuri mmoja wenu ashuke siku moja kabla, aongee na nahodha ana kwa ana. Hapa pia lile swali la mafuta linarudi. Lakini muhimu zaidi ni maboya. Mwambieni nahodha ayatoe yote, myahesabu mkiwa bado mchangani, na kila mmoja avae lake na kulifunga, siyo kulikalia. Idadi ya watu isizidi ile iliyoruhusiwa kwenye cheti cha boti. Kama mko thelathini na boti ni ya ishirini, nendeni kwa zamu mbili. Kivuko MV Nyerere kilipozama karibu na Ukara katika Ziwa Victoria tarehe 20 Septemba 2018, watu zaidi ya mia mbili walikufa hatua chache kabla ya gati, na chombo kilikuwa kimejaza kupita kiasi.

Wanaotoka milimani wana tabia moja majini: mtu akiona kitu upande wa kulia, wote wanahamia kulia na simu zao. Mpeni mtu mmoja mwenye sauti kazi ya kusema "kaeni" na asione haya kuisema mara kumi. Kifungua kinywa kiwe chepesi, chai ya tangawizi na mkate, na wanaoogopa wakae katikati ya boti, macho yatazame mbali ufukweni badala ya sakafuni. Nguo mbili pia. Kasulu alfajiri ni baridi, na kule chini jua likichomoza sweta inageuka mzigo.

Saa moja na nusu hadi mbili majini zinatosha. Mwombeni nahodha awazungushe kwenye ghuba ya Kigoma, polepole, kisha azime injini mahali pametulia. Hapo ndipo mwelezaji wenu afanye kazi yake. Chini yao kuna ziwa ambalo mahali penye kina kirefu kabisa linafika mita 1,470. Duniani kote ni Baikal la Urusi tu linalolizidi. Ng'ambo ile yenye milima ya bluu ni Kongo, na mwaka 1965 Che Guevara alivuka kutoka Kigoma hapa kwenda kupigana kule, akarudi mwaka huohuo bila ushindi. Mkiikuta MV Liemba, vijana watasikia vizuri hadithi yake: ilijengwa Papenburg, Ujerumani, mwaka 1913, ikafunguliwa vipande vipande, ikaletwa kwa maboksi kupitia Dar es Salaam na kuungwa tena Kigoma. Mwaka 1916 Wajerumani waliizamisha wenyewe isitekwe. Waingereza wakaiibua na kuirudisha kazini mwaka 1927. Bandarini msipige picha bila ruhusa, hata mkiwa ndani ya maji.

Kuna watakaodai Gombe. Wakatalieni. Siyo kwamba Gombe haifai. Jane Goodall alifika pale tarehe 14 Julai 1960, na walichojifunza watu kuhusu sokwe kutokana na kazi yake kimebadilisha vitabu. Ila sokwe hawana ratiba. Mtapanda milima mkiwatafuta, kuna viingilio vya hifadhi, na boti ya kwenda na kurudi peke yake inakula nusu siku. Anayetaka Gombe alale Kigoma usiku mmoja na aipe siku yake nzima.

Mkishuka kwenye boti mpite penye vichanja vya dagaa. Angalieni tu, msinunue bado, kwa sababu kiroba cha dagaa ndani ya Coaster kuanzia saa 3 asubuhi ni adhabu. Wekeni oda kwa mwanamama mmoja, mpitie jioni. Lakini chagueni sasa. Chukua dagaa mmoja, mvunje karibu na sikio. Akikatika kwa mlio, amekauka. Akijipinda kama kamba, ana maji ndani na atanuka kabla hamjafika Kidahwe. Kisha msugue kati ya vidole viwili na ulambe kidole: ukihisi chembe, alianikwa mchangani, na hakuna kuosha kutakakomtoa mchanga wote. Wa kichanjani ni ghali kidogo, na ni halali yake.

Stesheni ipeni nusu saa. Reli iliyoanza Dar es Salaam mwaka 1905 ilifika hapa mwaka 1914, na jengo la Wajerumani bado linapendeza kwa picha ya pamoja.

Ujiji ndiyo ipewe muda. Mtu atakayewatembeza kwenye makumbusho ya Livingstone ataanza na ile siku ya mwaka 1871 Stanley alipomkuta Livingstone chini ya mwembe. Mwembe wenyewe ulikufa zamani. Iliyopo ni mizao yake. Ziwa nalo limesogea mbali na mahali hapo. Msikilizeni, lakini msikubali hadithi iishie kwa Wazungu wawili kusalimiana. Muulizeni kuhusu Susi na Chuma, waliobeba mwili wa Livingstone alipofariki mwaka 1873 kutoka kwa Chitambo, ndani ya Zambia ya leo, mpaka Bagamoyo. Muulizeni Mwinyi Heri na Rumaliza walikuwa nani katika mji huu. Muulizeni msafara wa watumwa na pembe ulipita wapi ukielekea Tabora, na Wamanyema walifikaje hapa wakawa wenyeji. Nimeona mtembezaji aliyekuwa akisema kama kanda iliyorekodiwa akisimama, akatabasamu, akavuta kiti. Tulikaa naye saa nzima, na ndiyo saa ambayo watu wetu wanaizungumzia hadi leo. Kwa kundi la wanafunzi, gaweni maswali haya kabla ya safari, kila mtoto na lake.

Chakula kiagizwe asubuhi kwa simu. Watu thelathini wakiingia hotelini saa 8 bila taarifa, wa mwisho atakula saa 10. Mgebuka wa mawese na ugali wa muhogo, bila kujiumiza kwa orodha ndefu. Kuogelea, kama mnakutaka, iwe pale wenyeji wanapowaelekeza, na watoto wasimamiwe na mtu mzima anayejua kuogelea. Huku juu hatuko wengi.

Saa 10 na nusu jioni mpitie dagaa, wapakiwe kwenye viroba viwiliviwili na kufungwa juu ya gari au kwenye buti, na saa 11 gari liondoke. Hesabuni watu kwa majina, siyo kwa vichwa. Kichwa cha rafiki wa kondakta aliyeomba lifti kinaweza kujaza nafasi ya mtu wenu aliyebaki chooni. Mtaingia Kasulu mapema usiku. Wenzenu wa Kibondo wawe wamekwisha kuwekewa vyumba tangu jana yake, na basi la asubuhi wapande wakiwa wamelala vizuri.