Ukitegua Mguu, Usikubali Kuchuliwa Siku Hiyohiyo

Mwaka juzi nilishuka daladala kabla haijasimama sawasawa. Mguu ukakanyaga ukingo wa mtaro, ukajipinda kwa ndani. Nilifika nyumbani nikichechemea, nikamkuta shangazi ameshabandika maji, ameandaa chumvi na mafuta ya nazi ya kunichulia. Mikono yake ni miepesi na huruma anayo, basi nikamwachia mguu. Asubuhi ulikuwa umevimba mpaka kifundo hakionekani. Ninayoyaeleza hapa ndiyo niliyotamani mtu aniambie usiku ule.

Tuanze na mguu wenyewe. Kaa kitini, vua viatu. Pitisha kidole mbele ya mguu kuanzia chini ya goti: huo mfupa ulio chini tu ya ngozi ndio ugoko, wengine huuita muundi. Hauna nyama ya kuukinga, na ndiyo sababu ukiugonga kwenye stuli unaona vimulimuli. Pembeni yake, upande wa nje, kuna mfupa mwingine mwembamba. Yote miwili hushuka hadi kwenye kifundo na kuishia kwa vinundu viwili, kimoja ndani na kimoja nje, ambavyo huitwa macho ya mguu. Tazama vizuri: jicho la nje liko chini kidogo kuliko la ndani. Tutalirudia hilo.

Sasa misuli. Kisigino kikiwa sakafuni, inua vidole juu, kisha weka kiganja kando ya ugoko upande wa nje. Utausikia msuli umekaza. Kazi yake ni kuinua wayo unapotembea, na ukikosa nguvu mtu huburuta vidole na kujikwaa hata kwenye mkeka. Simama kwa ncha za vidole, na nyuma kitakaza kigimbi. Kigimbi ni misuli miwili iliyolaliana. Wa juu huanzia juu ya goti, wa chini, ambao madaktari huuita soleasi, huanzia chini ya goti, na yote miwili huungana kuwa kano moja nene inayoshika kisigino. Mwisho, geuza wayo utazame nje. Misuli inayofanya kazi hiyo iko ubavuni mwa mguu, na kano zake hupita nyuma ya jicho la nje. Hiyo ndiyo askari wa kifundo, inayouvuta mguu urudi unapotaka kupinduka.

Neno kano lisikuchanganye. Kiswahili hulitumia kwa vitu viwili: kamba inayofunga msuli kwenye mfupa, na utepe unaofunga mfupa kwa mfupa mwenzake.

Basi kuteguka ni nini? Watu wengi wanadhani mfupa umetoka mahali pake na unahitaji kurudishwa. Mara nyingi sivyo. Kwa kuwa jicho la nje limeshuka zaidi na tepe za ndani ni imara kuliko za nje, mguu hupinduka kwa urahisi kuelekea ndani, na tepe za upande wa nje ndizo zinazovutika au kuchanika. Mishipa midogo ya damu hupasuka pamoja nazo, mguu ukavimba na kuvilia. Hakuna kilichohama cha kurudishwa. Ukichuliwa saa hizo, tena kwa maji ya moto, unaiongezea damu njia ya kuvujia. Kuchua kuna siku zake, lakini si siku mbili tatu za mwanzo.

Je, mfupa umevunjika? Hili ndilo swali linalowapeleka watu kulipia picha ya eksirei, na mara nyingi picha haionyeshi mvunjiko wowote. Mwaka 1992 madaktari wa mji wa Ottawa, Kanada, walitangaza kanuni rahisi ambayo leo inatumika duniani kote. Jaribu kutembea hatua nne, hata kwa kuchechemea, kila mguu ukikanyaga mara mbili. Kisha bonyeza kwa kidole ncha ya kila jicho la mguu, na ukingo wake wa nyuma kwenda juu kama sentimita 6, yaani upana wa vidole vitatu au vinne. Bonyeza pia mfupa uliotokeza katikati ya ukingo wa nje wa wayo, na ule wa upande wa ndani, mbele kidogo ya kifundo. Kama hatua nne zilikushinda tangu ulipoumia na zinakushinda hata sasa, au mfupa wenyewe unauma ukibonyezwa pale, nenda ukapigwe picha. Kama unatembea na mifupa hiyo haiumi, uwezekano wa kuvunjika ni mdogo sana. Kanuni hii iliundwa kwa watu wazima. Mtoto mpeleke akaonwe, kwa sababu mifupa yake bado ina sehemu laini za kukulia ambazo huumia kwa urahisi. Usiitegemee pia kwa mtu aliyelewa, wala kwa mwenye kisukari ambaye nyayo zimekufa ganzi.

Nyumbani, siku ya kwanza, funga barafu kwenye kitambaa, usiiweke juu ya ngozi tupu. Iweke dakika 15 hadi 20, pumzisha saa mbili au tatu, rudia. Barafu hutuliza maumivu, lakini usiitegemee ikuponye: hata Gabe Mirkin, daktari wa Marekani aliyeeneza ushauri wa mapumziko na barafu mwaka 1978, baadaye alikubali kwamba barafu nyingi huenda ikachelewesha kupona. Lala mguu ukiwa juu ya mito, uwe juu kuliko kifua. Bendeji ya kuvutika huuzwa duka la dawa kwa shilingi elfu chache tu Tanzania, au mia chache Kenya. Anza kuizungusha karibu na vidole, upande hadi katikati ya ugoko. Vidole vikipoa, vikibadilika rangi au kufa ganzi, umekaza mno. Ilegeze.

Kwa maumivu, parasetamoli inatosha kwa wengi. Diklofenaki na ibuprofeni zinauzwa kama njugu, lakini mwenye vidonda vya tumbo, ugonjwa wa figo au mjamzito asizinywe bila kuuliza. Na kuna dawa moja ambayo hakuna anayeifikiria kwenye habari za miguu, nayo ni siprofloksasini, ile watu wanayoita sipro na kuinunua kila tumbo linapovuruga. Imethibitika kwamba huweza kudhoofisha kano ya kisigino hadi ikakatika, hasa kwa wenye umri wa zaidi ya miaka 60 na wanaotumia dawa za steroidi. Ukiwa unainywa na kisigino kikaanza kuuma kwa nyuma, acha mazoezi, rudi kwa daktari.

Kano hiyo ikikatika, mtu husikia mlio kama wa fimbo iliyovunjika, akageuka kumtafuta aliyempiga teke, asimwone mtu. David Beckham alikatika hivyo Machi 2010 akiichezea AC Milan, akakosa Kombe la Dunia la Afrika Kusini. Kipimo chake hakina gharama: mgonjwa alale kifudifudi, miguu ikining'inia nje ya kitanda, umminye kigimbi. Wayo ukisogea, kano ipo. Usiposogea, nenda hospitali siku hiyohiyo, maana inavyocheleweshwa ndivyo matibabu yanavyokuwa magumu.

Wanaokimbia na vikundi vya jogging, na vijana walio kwenye mafunzo ya jeshi, hulalamikia jambo lingine: ugoko kuuma upande wa ndani, nusu ya chini, eneo refu kama kiganja. Chanzo chake ni kuzidisha mbio ghafla, au viatu vilivyokwisha soli. Punguza mwendo, hamia kwenye baiskeli kwa wiki kadhaa, urudi polepole. Lakini kama unaweza kuonyesha mahali panapouma kwa ncha ya kidole kimoja, na panauma hata usiku, huenda mfupa umepata ufa mwembamba. Picha ya eksirei inaweza isiuonyeshe katika wiki mbili au tatu za mwanzo, kwa hiyo kuambiwa "picha ni safi" kusikurudishe uwanjani.

Hapa pa mwisho sitanii. Misuli ya mguu chini ya goti imefungwa ndani ya mifuko minne ya utando usiotanuka. Bodaboda ikimwangukia mtu, mfupa ukavunjika au nyama ikapondwa, uvimbe ndani ya mfuko hubana mishipa ya damu, na misuli huanza kufa baada ya saa chache. Plasta iliyobana huleta balaa hilohilo, na vivyo hivyo vijiti vya mganga wa mifupa vilivyokazwa kwa kamba. Dalili ni maumivu makali yasiyolingana na jeraha, yanayozidi mtu akikuvutia vidole, mguu kukaza kama ubao, ganzi. Fungua kila kilichobana, ukimbilie hospitali yenye upasuaji hata kama ni usiku wa manane. Waliosubiri asubuhi wamewahi kukatwa mguu.

Uanzie wapi kwa yasiyo ya dharura? Zahanati nyingi hazina mashine ya picha, hivyo uliza kituo cha afya kikubwa au hospitali ya wilaya. Bei hutofautiana. Iulize dirishani kabla hujaingia, na uende na kadi au kitambulisho unachotumia kwa bima, iwe NHIF kwa Tanzania au SHA kwa Kenya, ambako ilichukua nafasi ya NHIF yao Oktoba 2024. Hospitali kubwa kama MOI Dar es Salaam, KCMC Moshi au Bugando Mwanza huwapokea wengi kwa barua ya rufaa, kwa hiyo iombe mapema. Omba pia kuonana na mtaalamu wa tiba ya viungo, yule anayefundisha mazoezi. Wagonjwa wengi humruka, halafu mguu uleule unateguka tena.

Mazoezi yenyewe unaweza kuyaanza nyumbani maumivu yakipungua, kwa kawaida ndani ya siku chache. Andika herufi hewani kwa kidole gumba cha mguu, a hadi z. Wiki inayofuata, simama kwa mguu ulioumia ukipiga mswaki, sekunde 30, karibu na ukuta wa kushika. Ukizoea, fumba macho. Hapo wale askari wa ubavuni wanajifunza upya kuwahi. Mpira usubiri mpaka uweze kuruka kwa mguu huo mmoja mara 10 bila maumivu. Mimi ilinichukua wiki saba, na shangazi nilimruhusu kurudi na mafuta yake kuanzia ya pili.