Jua la Mombasa na Jua la Nakuru

Wako wenzetu wa pwani waliohamia Nakuru ambao hutundika ukutani jedwali la nyakati za Sala la Mombasa, kana kwamba jua huchwa miji yote pamoja. Sivyo, na katika Ramadhani jambo hili huharibu saumu.

Natuhesabu. Mombasa i karibu na daraja 39.7 mashariki, Nakuru 36.1. Kila daraja ni dakika 4. Basi adhuhuri ya Nakuru huchelewa kiasi cha dakika 14. Magharibi haina kipimo kimoja: mwezi wa Juni huchelewa dakika 20 hivi, Desemba 8 hivi, kwani Nakuru i karibu na ikweta, na Mombasa iko daraja 4 kusini yake. Afuturuye Nakuru kwa saa ya Mombasa amekula jua lingalipo. Wala milima ya Mau isimdanganye: jua kujificha nyuma ya mlima siko kuchwa.

Elimu hii Waislamu waliitumikia. Ulugh Beg alikamilisha majedwali yake Samarkand mwaka 1437, akapima upya nyota zipatazo 1,000. Taqi al-Din alijengewa nyumba ya kurasidi nyota Istanbul, ikabomolewa mwaka 1580. Na hasara ilioje! Vipimo vya Tycho Brahe, aliyeishi zama zizo hizo, vilihifadhiwa, na kwavyo Kepler akatoa majedwali mwaka 1627.

Alfajiri nayo huchelewa Nakuru. Ajizuiaye kwa saa ya Mombasa hupoteza matonge machache ya daku, si saumu.