Nauli ya msiba: kumfikisha ndugu Mpanda bila kufilisika

Msiba ukitokea Mpanda na mtoto wa nyumba yuko Toronto au Minnesota, swali la kwanza kwenye kundi la WhatsApp huwa "nauli ni shilingi ngapi?" Katika ukoo wetu mimi ndiye mwenye kazi ya kulijibu, na silijibu mpaka wazee wataje siku ya mazishi. Nauli inafuata siku hiyo. Mwili ukiweza kukaa mochwari siku nne tano, msafiri anapata ndege ya kuchagua. Kama wazee wamesema maiti hailali, hakuna ndege itakayomuwahisha. Mwambieni mapema, aje kwenye arobaini. Tiketi iliyokatwa mwezi mmoja kabla mara nyingi ni nafuu kuliko punguzo lolote la msiba. Wapo wanaoona huo ni ukatili. Mimi naona ukatili ni kumwacha mtu akope, kisha afike kaburi limekwisha kufukiwa.

Punguzo lenyewe lipo, ila kwa mashirika machache ya ndege. American na United waliliondoa mwaka 2014. Delta na Air Canada wameendelea nalo. Halipatikani kwa kubonyeza tovuti. Msafiri apige simu, na apige kabla ya kulipa. Abiria mmoja wa Air Canada aliyefiwa na bibi yake mwaka 2022 aliiuliza programu ya kujibu maswali kwenye tovuti ya shirika, ikamwambia akate tiketi kwanza, kisha aombe punguzo ndani ya siku 90. Alipoomba alinyimwa, maana kanuni hairuhusu kuomba baada ya kusafiri. Shirika likajitetea kwamba programu ile iwajibike yenyewe kwa maneno yake! Baraza la usuluhishi la British Columbia lilikataa utetezi huo Februari 2024 na kuamuru abiria alipwe. Alishinda, sawa, lakini mfiwa gani ana muda wa kesi?

Kwenye simu ataulizwa jina la marehemu, uhusiano wao, siku ya mazishi, na jina na simu ya kampuni ya mazishi. Hilo la mwisho huwakwamisha watu wetu, kwa kuwa kwetu maiti hutoka mochwari ya hospitali kuja nyumbani. Ajibu hivyo hivyo: ataje hospitali na namba ya mtu wa kupokea simu pale. Wewe uliye hapa kachukue kibali cha mazishi, ukipige picha mchana, muhuri usomeke, utume. Aliyefia nyumbani, barua ya mtendaji ndiyo ya kuanzia. Cheti cha kifo cha RITA kitafuata. Usimzuie msafiri kwa ajili yake.

Barua hiyo isimamie inavyoandikwa. Mtendaji akiandika tu "marehemu ni baba yake mdogo", karani wa kule ataona majina mawili yasiyofanana hata kidogo, maana mmoja amebeba jina la babu na mwingine la baba. Mwombe aandike majina yote kama yalivyo kwenye pasipoti, na udugu wenyewe hatua kwa hatua: marehemu ni mdogo wake fulani, ambaye ni baba mzazi wa msafiri. Nimeona barua ya aina hiyo ikimaliza maswali yote.

Akishatajiwa bei, asilipe papo hapo. Alinganishe na nauli za kawaida za Ethiopian, Turkish au Qatar mpaka Dar es Salaam, kwa sababu nauli ya msiba si lazima iwe ya chini kabisa. Faida yake kubwa huwa ni urahisi wa kubadili tarehe.

Kisha kuna kipande cha Dar hadi Mpanda, na hapa ndipo punguzo huliwa. Air Tanzania inatua Mpanda, lakini si kila siku. Tafuta kwanza siku ya ndege hiyo, ndipo uhesabu kurudi nyuma hadi siku ya kuondoka Toronto. Wengi hufanya kinyume, wakaishia kulipia hoteli Dar huku watu wanasubiri kuzika. Siku zikikataa kuoana, apande treni ya SGR mpaka Dodoma, halafu basi kupitia Singida na Tabora. Kutoka Tabora kuja kwetu kwa njia ya Sikonge na Inyonga siku hizi ni lami. Atachoka, lakini atafika.

Tarehe ya kurudi msiifunge. Baada ya mazishi huja kikao cha ukoo cha kumpendekeza msimamizi wa mirathi, na muhtasari wake ndio unaopelekwa mahakamani, hivyo aliye nje hutakiwa abaki siku mbili tatu asaini. Apige simu kubadili tarehe kabla ndege ya awali haijaondoka. Ikishaondoka bila yeye, tiketi nyingi hapo huwa zimekufa.