Kutoa Hesabu Kubwa Katika Ndogo

Mmekwisha kujifunza kutoa 5 katika 8, na kila mmoja wenu ajua kwamba hubaki 3. Je, tukigeuza, tukasema 5 toa 8, hubaki nini? Wengine hujibu, "Haiwezekani." Wengine huandika 3 upesi, wakapita. Sikilizeni habari ya kijana mmoja, mpate kuona hatari ya jibu hilo la pili.

Kijana huyo alipewa na baba yake shilingi 5, akatumwa dukani kununua vitu ambavyo mama yake atamtajia. Akachukua sukari, chumvi na mafuta ya taa. Jumla yake shilingi 8. Mwenye duka alimjua baba yake, basi akapokea zile 5, akaandika 3 katika daftari lake. Kijana aliiona. Aliporudi, baba akamwuliza, "Hesabu imekuwaje?" Akajibu, "Ni 3, baba, imeandikwa dukani." Baba akadhani ni baki yake. Siku ya pili akaenda kuchukua majani ya chai kwa ajili ya wageni, asichukue fedha. Akadaiwa mbele ya watu, akarudi mikono mitupu na uso wa haya.

Kosa lilikuwa wapi? Tarakimu ilikuwa sahihi, lakini upande wake haukutajwa. Tatu ya kuwa nayo na tatu ya kudaiwa si kitu kimoja.

Basi kanuni ni hii: toa hesabu ndogo katika kubwa, kisha andika alama ya kutoa mbele ya jibu.

5 - 8 = -3

Hesabu kama -3 huitwa hesabu hasi, yaani hesabu iliyo chini ya sifuri. Ili kuhakikisha, anzeni penye 5, mrudi nyuma hatua 8. Hatua tano zitawafikisha penye sifuri. Tatu zilizosalia zitawapeleka -1, -2, -3.

Asemaye "Haiwezekani" si mjinga. Katika kikapu chenye maembe 5 hakuna awezaye kutoa maembe 8. Lakini mambo ya deni si mambo ya kikapu. Mwaka 628 Brahmagupta, mtaalamu wa Bara Hindi, aliandika kanuni za hesabu hizi. Zilizo juu ya sifuri aliziita mali, na zilizo chini yake aliziita deni.

Wala si fedha tu. Uso wa Ziwa Tanganyika uko kiasi cha mita 770 juu ya usawa wa bahari. Mahali penye kina kikubwa kuliko pote, maji yake yafikia kiasi cha mita 1470.

770 - 1470 = -700

Maana yake, ijapokuwa ziwa liko juu huku bara, chini yake kabisa pako mita 700 hivi chini ya usawa wa bahari. Mwenye kuisahau alama atadhani pako juu, kama kilima.

Maswali

1. 4 - 9 = ?
2. Baba wa kijana yule akimpa mwenye duka shilingi 5, je, atadaiwa au atadai? Kiasi gani?
3. Maji ya Ziwa Assal, nchini Djibouti, yako mita 155 chini ya usawa wa bahari. Mtu ameshuka mita 255 hata kuyafikia. Alianza mita ngapi juu ya bahari?